Maua Yaliyoamriwa Kumsubiri Mgeni

Habari za kifo chake zilinikuta kwenye foleni ya sukari, pale duka la ushirika la mtaani kwetu Kinondoni. Mama mmoja aliyekuwa mbele yangu, ambaye zamani tulikuwa majirani Chang'ombe, aligeuka akanisalimu, kisha akaniuliza kama nitakwenda Temeke kuzika. Nikamuuliza kuzika nani. Akanitazama kwa mshangao wa mtu anayedhani habari zote za mji huu hupita kwanza kwa waandishi wa magazeti, ndipo akanitajia. Mazishi yalikuwa siku ile ile, saa tisa alasiri. Niliiacha foleni na sukari nikaikosa. Mwenzangu mmoja ofisini amesema kwamba kuacha foleni ya sukari ni ushahidi tosha kuwa nilimpenda marehemu. Sina hakika kama ninayo haki ya kusema hivyo, na mwisho wa safu hii wasomaji mtaamua wenyewe. Wanaonisoma kila wiki wananijua kwa kununa. Leo nimenuna kuliko kawaida, na asiyetaka kuharibiwa chai yake afungue ukurasa wa michezo.

Machukizo yangu yalianza pale pale makaburini. Ofisi aliyoitumikia tangu enzi za Mwingereza ilimtuma bwana mmoja mwenye shati jeupe na kalamu tatu mfukoni aje kusoma wasifu. Bwana yule hakumjua marehemu. Jina lenyewe alilisoma mara mbili, na mara zote mbili alilikosea. Akatuambia kwamba tumempoteza mtunza bustani hodari, mtu aliyezipenda nyasi za ofisi kama watoto wake, na kwamba taifa litamkumbuka. Kisha yakaja mashada. Yalikuwa ya plastiki, rangi ya zambarau, yenye vumbi la duka, na yule bwana aliyapanga juu ya udongo moja moja akihakikisha yamenyooka. Mtu aliyetumia ujana wake wote kuyachungulia maua ya kweli alifunikwa kwa plastiki, na sie sote tukaitikia amina. Nilisogea pembeni nisiyaone.

Marehemu hakuwa mtunza bustani. Alifanywa mtunza bustani, na waliomfanya hivyo ni watu wachache ambao mmoja wao ndiye anayeandika haya. Kwa hiyo niwasimulie.

Tulifahamiana miaka ya mwanzo ya sabini, tulipopanga nyumba moja Chang'ombe, vyumba vitatu huku na vitatu huku na ukumbi katikati. Mie nilikuwa mwandishi mpya, najiona nimeshika nchi nzima mkononi. Wiki ya kwanza tu alinibishia hodi akaniomba magazeti ya zamani. Nilifurahi sana, nikadhani nimepata msomaji. Akanieleza bila kunificha kwamba anayataka ya kukaushia majani. Kazi yake ilikuwa kukusanya mimea ya porini kwa ajili ya ofisi moja ya serikali inayohifadhi mimea iliyokaushwa. Mmea ukishachimbwa na mizizi yake, hulazwa katikati ya magazeti, magazeti yakabanwa kati ya fremu mbili za mbao kwa mikanda, na kila siku magazeti yaliyolowa hutolewa yakawekwa makavu, mpaka mmea ukauke bila kupoteza umbo. "Gazeti lenu linanyonya maji vizuri kuliko yote, ndugu," aliniambia, na hakuwa ananitania. Nikiangalia niliyoyaandika miaka ile, naona hiyo ndiyo kazi ya maana zaidi ambayo kurasa zangu zimewahi kufanya.

Alitoka Masasi, katika ukoo wa wachonga vinyago, na vidole vyake vilikuwa na subira ya wachongaji. Kabla ya Uhuru alikuwa akimbebea fremu mtaalamu mmoja wa Kizungu. Alipanda yeye milimani, akazama yeye matopeni, akachimba yeye, halafu lebo iliyobandikwa kwenye karatasi ngumu ya mmea ikaandikwa jina la yule bwana aliyekuwa amekaa kivulini. Uhuru ulipokuja watu walitarajia mambo makubwa: nyumba, shule, vyeo. Yeye alitarajia lebo. Alitaka siku moja upatikane mmea ambao hakuna aliyeuona kabla yake, na pale penye neno "Mkusanyaji" liandikwe jina la mtu wa Masasi. Alilieleza jambo hili kwa aibu kidogo, kama mtu anayekiri kwamba anataka kuoa. Nilicheka siku ile, na sikupaswa kucheka.

Ua lililomshika roho mmelipita mara elfu. Ni lile dogo la zambarau linalotambaa kwenye majimaji, pembezoni mwa mitaro na kando ya reli, ambalo kina mama hulichuma pamoja na majani mengine ya mbuzi. Alinifundisha kulitambua hata lisipochanua. Jani lake lina mishipa mitatu mikubwa inayoanza pamoja kwenye kikonyo, inaachana katikati, halafu inakutana tena kwenye ncha. Shina hulala chini, na kila linapogusa tope linatoa mizizi. Petali ni tano, nyembamba mno. Ndani yake kuna stameni, vile vijiti vya kiume vya ua, kumi za aina mbili: tano fupi za njano, na tano ndefu za zambarau zilizopinda katikati mfano wa goti. Chavua, ule unga wa kurutubishia ua, imefungiwa ndani ya zile stameni, na tundu la kutokea ni moja tu, dogo, kwenye ncha. Nyuki wa kawaida akija anahangaika bure. Anayeweza ni yule nyuki mkubwa mweusi anayetoboa boriti za nyumba zetu, kwa sababu yeye hulikumbatia ua akavuma kwa nguvu mpaka chavua itoke yenyewe.

Sikuamini. Jumapili moja asubuhi akaleta ua moja kwenye mwavuli mweusi uliofunguliwa, akachukua malimba yake, ile ala ya kupigwa kwa vidole gumba, akapiga ulimi mmoja wa chuma na kuugusisha kwenye stameni ukiwa bado unatetemeka. Vumbi la njano likamwagika juu ya kitambaa cheusi. Wapangaji wote tulikuwa tumemzunguka, na mwenye nyumba, mzee wa Kizaramo ambaye hakuwa mwepesi kushangaa, alimwomba arudie. Akarudia. Kisha akatuambia kwamba ua lile limefunguka jua lilipochomoza, na ifikapo saa nane mchana petali zote zitakuwa chini, na kesho halitafunguka tena. Kila ua lina asubuhi moja tu. Tulikaa kulingojea kwa ubishi tu, na kabla ya saa nane lilikuwa limekwisha.

Sasa sikilizeni lililo muhimu. Katika bonde moja dogo nje ya Gongo la Mboto, mahali maji yanapochuruzika mwaka mzima kutoka vilima vya Pugu, aliikuta mimea ya ua lile isiyofanana na mingine. Shina lake lilisimama, halikulala. Stameni zote kumi zilikuwa za njano na urefu mmoja, bila goti. Alitafuta bonde baada ya bonde, kote huko mpaka Wazo upande wa kaskazini, akiwa na baiskeli yake, na hakuiona tena kokote. Akapeleka mmea mmoja wenye maua kwa mkuu wake wa kazi, raia wa nje aliyekuwapo kwa mkataba. Mkuu akauangalia kwa kioo, akasema huenda ni aina mpya kabisa, lakini bila tunda lililokomaa hawezi kusema lolote. Mbegu za ua la kawaida zimejikunja kama gamba la konokono. Ilibidi zionekane mbegu za mmea huu mgeni. Ingepatikana mbegu, ingeandikwa lebo kamili, na jina la mkusanyaji lingekuwa lake. Mmea ule wa kwanza ukawekwa kando kumsubiri mwenziwe.

Matunda huchukua wiki kadhaa kukomaa baada ya ua kuanguka. Alichagua mashina kumi na mawili, akayafunga uzi mwekundu ili asiyachanganye, na kila Ijumaa baada ya kazi akaenda kuyatazama. Mara moja alinichukua. Alinionyesha tunda moja changa, gudulia dogo lenye vinyweleo, akanikataza kuligusa. Zilikuwa zimebaki wiki mbili, alisema, au tatu mvua ikizidi. Sijawahi kumwona mtu mzima akiwa na furaha ya namna ile, na wala hakukuwa na mtu mwingine wa kuiona isipokuwa mimi.

Nimeripoti mapokezi mengi katika kazi hii. Nimeona shule zikifungwa siku tatu ili watoto wajifunze wimbo wa dakika mbili. Nimeona mawe ya kando ya barabara yakipakwa chokaa mpaka pale tu gari la mgeni litakapogeuzia, na mbele yake hakuna hata jiwe moja lililoguswa. Nimeona wagonjwa wakitolewa kwenye benchi la zahanati kwa sababu benchi linahitajika jukwaani. Tulikuwa tumeambiwa kwamba nchi hii ni ya wafanyakazi na wakulima, na mie niliamini, na bado naamini aliyetuambia alikuwa na maana ile ile. Lakini kati ya maneno yake na sie walikuwapo watu wa kamati. Kamati ya mapokezi ni kiumbe cha ajabu: haina shamba, haina kiwanda, haifundishi mtu, ila inaweza kuamuru chochote kwa siku mbili, na baada ya siku mbili haionekani tena wala haiulizwi.

Mkubwa mmoja alitarajiwa kuja Jumamosi saa tatu asubuhi kukagua shamba la mihogo la ushirika, mbele kidogo ya Gongo la Mboto. Mie nilitumwa siku mbili kabla ili niandike maandalizi. Mwenyekiti wa kamati alikuwa mtu mnene mwenye sauti nzito, na tatizo lake lilikuwa moja: mgeni alisifika kwa kupenda maua, na pale kulikuwa na mihogo tu. Tulikuwa tunakunywa soda chini ya turubai. Hakuna aliyeniuliza. Nilijitokeza mwenyewe, kwa ile tamaa ya kijana ya kuonekana ana msaada mbele ya wakubwa, nikasema namjua mtaalamu wa maua, na nalijua bonde lililojaa maua ya zambarau, umbali wa dakika kumi tu. Mwenyekiti akanipiga bega. Nililisikia bega lile siku nzima kwa raha.

Ijumaa walipeleka tipa na watu wenye majembe. Hawakuchagua. Walikomba bonde lote, mimea na tope lake, wakaipanda kwenye mfereji walioukata pande zote mbili za barabara, shina na shina kwa kipimo cha kamba. Jioni jua likiwa bado lipo, nilimwona jirani yangu anakuja na baiskeli. Alikuwa amekwenda bondeni kama kawaida yake, akakuta mashimo, akafuata tope lililodondoka kutoka kwenye lori mpaka kwetu. Aliteremka, akaanza kutembea kando ya mstari akiinama, akihesabu nyuzi nyekundu. Zilikuwapo zote kumi na mbili. Kisha akaniona nimekaa na kamati, chupa mkononi. Alinitazama kiasi cha mtu kuvuta pumzi mara moja, akamwendea mwenyekiti.

Alizungumza kwa adabu. Alieleza kazi yake, akaeleza matunda, akasema hadai mimea yote. "Nipeni hii yenye uzi tu, mzee, mie niirudishe kwenye maji leo leo. Ni kumi na miwili basi." Mwenyekiti alimsikiliza mpaka mwisho, akageuka kuutazama mstari wake, akasema haiwezekani, kwa sababu ikitolewa hiyo mstari utakuwa na mapengo. Jirani yangu akasema basi angalau wajue jambo moja, kwamba maua yale yatafunguka asubuhi na saa nane mchana yatakuwa yameanguka, na mgeni akichelewa hataona ua hata moja. Hapo ndipo mwenyekiti alipotoa jibu ambalo sijawahi kulisahau.

"Ndugu yangu, watu elfu nzima wanamsubiri mgeni. Na maua yatasubiri."

Wajumbe wakacheka. Nami nikacheka. Naandika neno hilo kwa sababu ningeliacha, safu hii ingekuwa uongo mwingine.

Asubuhi ya Jumamosi barabara ilikuwa nzuri, siwezi kukataa. Maua yalifunguka yote kwa pamoja, na nyuki wale weusi walikuja wengi, watu wakawa wanakimbia na kucheka. Saa tatu ikapita. Saa tano ikapita. Gazeti letu la Jumapili lilikuwa linafunga kurasa mapema, na dereva wa ofisi alikuwa anaondoka saa sita. Nikafanya tulichokuwa tukifanya wengi: nikaandika yaliyotarajiwa kana kwamba yametokea. Nikaandika kwamba mgeni alipita katikati ya bahari ya zambarau akiwapungia wananchi. Nikaandika kwamba maua hayo ya asili yaligunduliwa katika bonde la nje ya Gongo la Mboto, yakang'olewa na kuandaliwa kwa ustadi na mtaalamu wa mimea, ndugu fulani, nikalitaja jina lake kamili, la kwanza na la ukoo, nikidhani kwa namna fulani ya kipumbavu kwamba namlipa fidia. Nikaandika hata kwamba baadhi ya mashina yalipambwa kwa nyuzi nyekundu. Nilijua nyuzi zile ni za nini. Sentensi ilikuwa nzuri, nikaiacha.

Mgeni alifika saa kumi. Petali zilikuwa zimeoza kwenye tope la mfereji, mashina yamelegea, na jua lilikuwa limeyafanya majani kuwa meusi. Aliteremka, akatazama kushoto na kulia, akamuuliza mwenyekiti kwa nini amepandiwa magugu. Mwenyekiti akasema ataulizia. Jumapili gazeti likatoka na bahari yake ya zambarau, na wizarani kote watu wakacheka, maana waliokuwa kwenye msafara walijua walichokiona. Mtu alitakiwa kuwajibika. Jumatatu mwenyekiti alifika kwenye ofisi ya jirani yangu akiwa na gazeti letu limekunjwa kwapani. Hakuhitaji shahidi mwingine. Jina lilikuwa limeandikwa pale, na mtaalamu ndiye aliyeandaa. Lilitumika neno kubwa la siku zile, hujuma. Mkuu wake alijitahidi kumtetea, lakini mkataba wake mwenyewe ulikuwa unakwisha na alikuwa anafungasha kurudi kwao. Jirani yangu aliondolewa kwenye kazi ya porini. Alipewa mpira wa maji na mkasi, akaambiwa atatunza nyasi za mbele ya ofisi. Alizitunza mpaka alipostaafu.

Nilikwenda kwa mhariri nikamwambia habari ile haikuwa kweli na imemwangamiza mtu. Akaniuliza kama nataka gazeti la umma lijikosoe mbele ya nchi nzima kwa ajili ya majani ya mbuzi. Nikajibu hapana. Ningeweza kujibu vingine. Mwaka uliofuata nikapata nyumba Kinondoni, nikahama, na katika kuhama kwangu kulikuwa na nafuu ya kutokutana naye ukumbini. Hakuwahi kunilaumu, na hilo ndilo lililonifanya nimkwepe. Mtu akikutukana una la kumjibu.

Nilikutana naye mara moja tu baadaye, mbele ya ofisi yao, ameshika ule mpira. Tukaulizana hali. Nikajilazimisha kuuliza kuhusu lile bonde. Akaniambia amekuwa akienda kila mwaka mvua zikikatika, miaka yote hiyo, na hajaona hata shina moja, kwa sababu tope lenyewe walilikomba, na wakulima wamepanda mpunga. Alisema bila uchungu, akiendelea kumwagilia. Kisha akaniuliza kama bado naandika, nikasema bado, akasema vizuri.

Baada ya mazishi sikulala na moyo mtulivu. Juzi nikaenda kwenye jengo wanakohifadhi mimea iliyokaushwa, nikaomba kuona ule mmea wa kwanza. Binti mmoja anayetunza makabati alinipa shikamoo, akatafuta kwa muda mrefu, akauleta. Upo. Zambarau yake imegeuka kahawia, lakini stameni kumi zinahesabika. Kwenye karatasi kuna maandishi ya penseli ya mkuu wa zamani: huenda ni aina mpya, tunda halijapatikana. Mbele ya neno "Mkusanyaji" hakuna kitu. Lebo ilikuwa inasubiri tunda, na tunda lilikuwa kwenye mfereji wa barabara. Nikamwambia binti jina la mkusanyaji nalijua, aliandike. Akanijibu kwa heshima kwamba hawaruhusiwi kuandika jina kwa maneno ya mdomo. Anaweza kuliandika ikiwa upo ushahidi wa maandishi wa wakati ule unaomtaja mtu huyo pamoja na mmea huo na mahali ulipotoka, na ushahidi huo lazima ubandikwe nyuma ya karatasi, ukae nayo daima.

Wasomaji, ushahidi wa namna hiyo upo mmoja tu duniani. Umo kwenye makabrasha ya gazeti letu, umeandikwa na mimi, na unasema kwamba mtu huyu aliyang'oa maua yale kupambia barabara. Jina lake linaweza kuingia pale alipolitamani maisha yake yote, kwa sharti kwamba uongo wangu uingie nalo, na kila mtaalamu atakayeugeuza mmea ule kwa miaka mia ijayo asome kwamba aliyeugundua ndiye aliyeumaliza.

Nikachukua nakala ya gazeti lenye habari ile nikaenda Temeke kwa mjane. Alikuwa amekaa barazani na wanawake wa mtaani, akanikaribisha, akaniita shemeji kama zamani. Nikamweleza yote, na kwa mara ya kwanza nikamwambia mwenyewe kwamba ni mimi niliyewaonyesha bonde. Akasema alijua, mumewe alimwambia usiku ule ule. Nikamsomea ile habari. Nikamuuliza nifanye nini. Aliniomba lile gazeti, akalikunja mara nne na kuliweka chini ya paja.

"Jina lake ulishaliandika mara moja, shemeji," akasema. "Usiliandike tena. Sie humu ndani tunalijua."

Nikamsihi. Nikasema basi nimtaje kwenye safu yangu, nieleze ukweli, watu wamjue. Akatikisa kichwa, akaniuliza kama nimeshakunywa chai.

Funzo la leo ni langu kwanza, na anayeshika kalamu anaweza kuchukua kipande: usiandike kabla hujaona, na ukishaandika uongo usidhani utaufuta siku utakapojisikia. Nimejaza safu hii yote kumhusu mtu mmoja, na jina lake halimo. Nililitaja wakati hakuniomba, likamwondoa kwenye kazi yake. Sasa nataka kulitaja kuliko neno lolote nililowahi kuandika, na siruhusiwi.